Mvua Juu ya Mzingile

Jumatatu, 4 Machi

Mwalimu wa lugha ametupa kazi ya muhula. Kila mmoja aandike shajara msimu wote wa mvua, mpaka mtihani wa kuingia sekondari upite. "Andikeni mlichokiona," alisema. "Mlivyojisikia, andikeni mkiwa na hakika." Nitajitahidi.

Mvua bado. Nyumbani tuko wanne: Baba, Mama, Bibi aliyemzaa Baba, na mimi. Mama anapiga pasi chumba cha mbele, mashuka ya hoteli na mashati ya watu wa ofisini. Baba ni msokotaji katika Mzingile. Mwalimu alisema msomaji asiachwe gizani, kwa hiyo naeleza.

Mzingile uko chini ya mji. Mlango wake uko nyuma ya ghala la saruji, na ukishuka ngazi unakutana na njia zinazopindana na kurudiana hata mgeni hajui alikotoka. Katikati kuna chumba kinachoitwa Kitovu, na kukizunguka kuna ujia mwembamba wa duara. Wateja wanaingia Kitovuni na kazi zao. Msokotaji anatembea katika ule ujia bila kusimama, na kwa kutembea anausokota muda kama mtu asokotavyo uzi, ukawa mwembamba na mrefu. Fundi anaweza kushona nguo za maharusi wote, akatoka na kukuta chai aliyoiacha huku juu bado inatoa mvuke. Msokotaji akisimama, uzi unaachia, mlango wa Kitovu unafunguka, na muda unarudi kuwa kama wa watu wote.

Mle ndani mtu hasikii njaa wala uchovu. Lakini nywele zinaota, kucha zinarefuka, na siku ulizokaa umezila katika umri wako. Hazirudi. Mteja huingia mara mojamoja. Baba ameingia kila siku ya kazi tangu kabla sijazaliwa. Kwa kuzaliwa hajafika miaka arobaini. Kwa kumtazama, amempita Bibi.

Mama hupenda kusema kwamba anataka azeeke pamoja na mumewe. Bibi humjibu, "Basi harakisha, mwanangu, mwenzio ameshafika."

Jumatano, 6 Machi

Muuza mkate mpya amehamia mtaani. Asubuhi alimwamkia Baba kwa heshima zote, kisha akamgeukia Bibi: "Na mama naye hajambo? Huyu mzee ni baba yako?"

"Huyu?" Bibi akasema. "Huyu nimemzaa mwenyewe. Na alikuwa mzito."

Muuza mkate alicheka akidhani ni utani. Baba naye alicheka. Alilipia mikate miwili.

Jumamosi, 9 Machi

Mvua imeanza usiku na haijakata. Mama amefunga kamba za nguo sebuleni, tunapita tumeinama.

Kutwa Baba alikuwa nyumbani, nikamuuliza jinsi anavyojua wakati wa kusimama, maana saa za mkononi mle ndani hazipatani. Kila moja inasema lake. Akanionyesha kitambaa chake. Kila msokotaji ana kitambaa cha pamba. Anakilowesha kwenye mtungi ulio mlangoni, anakikamua, anakivaa shingoni. Akiwa anatembea anakigusa. Kikikauka, anasimama. Kikiwa na unyevu, anaendelea.

"Na ukichoka?"

"Mle hakuna kuchoka. Ndiyo maana kuna kitambaa."

Bibi alikuwa anasikiliza. Alisema tangu zamani mpaka mwaka jana, mvua zikianza Mzingile ulifungwa, na mumewe, ambaye naye alikuwa msokotaji, alikaa nyumbani akimsumbua mpaka jua litoke.

"Kwa nini ulifungwa?" nikauliza.

"Wakubwa walifunga. Sisi tulifungiwa."

Baba alisema ilikuwa kwa sababu ya ngazi, zilikuwa zinateleza. Mwaka huu Msimamizi wa Mzingile amezipiga saruji ya kukwaruza, na hakuna tena sababu ya kufunga.

Jumanne, 12 Machi

Sare yangu haikukauka. Nimeivaa na ubichi wake.

Alhamisi, 14 Machi

Watahiniwa ambao wazazi wao wameafiki wanaenda kusomea Mzingile Jumanne na Ijumaa wakati wa mapumziko ya mchana, na wanarudi kabla ya kengele. Mwalimu wa hesabu anawasifu. Sumaku yumo. Tunamwita Sumaku kwa sababu chochote akisomacho kinamganda kichwani. Mimi na yeye tumekuwa tukipokezana nafasi ya kwanza tangu darasa la nne. Wiki iliyopita tulikuwa kwenye sura ileile katika kitabu cha jiografia. Juzi ametoka Mzingile akiwa amekimaliza na kukirudia.

Nilimwomba Baba nami niingie. Alikataa. "Siku zako zitumie juani," alisema.

Nikamwambia nje hakuna jua. Bibi akasema huyu mtoto atakuwa wakili.

Natumaini kufaulu. Natumaini pia Baba ataniona nikiwa sekondari, na hilo naliandika nikiwa na hakika.

Jumatatu, 18 Machi

Mvua. Nguo za hoteli zimerudishwa kwa sababu zilinuka ukungu. Mama amezifua upya na anazikausha kwa pasi, moja moja.

Jumanne, 19 Machi

Baba ananyoa ndevu kila anapokwenda kazini. Siku zote hurudi na vindevu vyeupe kidevuni, kama mtu ambaye hajanyoa siku mbili tatu. Leo nilitoka shule mapema kwa sababu darasa linavuja, nikapita kumpelekea chakula. Alipanda ngazi akiwa na ndevu za kushikika.

Nilimpa chakula akala chote, kisha akauliza kama kuna kingine.

Ijumaa, 22 Machi

Nimemtazama Sumaku darasani. Sketi aliyoshonewa mwanzo wa muhula inamwishia juu ya magoti. Wenzetu wanamwita Mlingoti na anacheka nao, lakini anaivuta chini anapokaa.

Jumapili, 24 Machi

Leo ndipo nilipoelewa. Naandika kwa mpangilio ili nisikosee.

Mama alikuwa amenuna mbele ya kamba ya nguo. Alishika shati moja, akasema, "Hili nimelianika Alhamisi. Wakati wa kiangazi lingekauka kabla sijamaliza kuanika la pili." Baba alikuwa amekaa chini ya shati hilohilo, anakunja kitambaa chake.

Nikasema, "Baba, kitambaa nacho."

"Kitambaa nacho nini?"

"Hakikauki upesi. Mvua imeingiza unyevu chini. Unatembea zaidi ya zamani na hujui."

Aliendelea kukunja. "Kitambaa hakijawahi kunidanganya."

"Hakidanganyi. Kinakauka kama nguo nyingine."

Mama aliweka pasi chini. Bibi alisema polepole, "Kumbe ndiyo maana walifunga." Tuliisikia mvua kwenye mabati.

Nilimwambia Baba kuhusu ndevu zake na sketi ya Sumaku. Nilidhani ushahidi ukipangwa vizuri mtu atakubali, ndivyo tulivyofundishwa katika insha. Baba alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema kanuni ni ya baba yake na ya babu yake: kikikauka simama, hakijakauka tembea. Msokotaji anayesimama kwa sababu amejionea tu kwamba imetosha, huyo si msokotaji, ni mpita njia. Nikamuuliza, je, kama kanuni ilitungwa kwa ajili ya kiangazi? Akasema atamwuliza Msimamizi.

Sikuzote nilimwona Baba mtu mpole. Leo nimeona kwamba upole wake una ukuta ndani.

Jumatatu, 25 Machi

Amemwuliza. Msimamizi amejibu kwamba hajapata lalamiko hata moja, wateja wote wanasema mwaka huu wanapata muda mzuri.

"Bila shaka," Mama alisema. "Wanakula wa mwenzao."

Alhamisi, 28 Machi

Baba amepoteza jino. Alilifunga kwenye karatasi na kumpa Bibi, akasema, "La kwanza ulilitunza wewe."

Bibi hakutania. Alitoka nje barazani akakaa peke yake.

Ijumaa, 29 Machi

Sumaku alikuja kukaa nami kwenye benchi. Nilidhani anataka kunionyesha alipofika. Aliniuliza kama Baba hajambo. Kisha akasema, "Sijui nina umri gani. Siku yangu ya kuzaliwa ni mwezi wa saba, lakini naona kama imeshapita, na sikuwepo."

Nikamwambia aache kwenda. Akasema baba yake, ambaye ni mfamasia, amekwisha kuwaambia watu wote dukani kwamba bintiye atakuwa wa kwanza. "Na mle ndani ni kimya," alisema. "Ukimaliza vitabu unabaki kumsikiliza baba yako anavyopita nje ya ukuta. Anapita, anapita. Mara nyingine nataka kumwita apumzike."

Nimekuwa nikimwonea wivu mtu asiyefaa kuonewa wivu.

Jumanne, 2 Aprili

Leo nitaandika ndefu.

Mvua ya usiku wa kuamkia leo ilikuwa kubwa kuliko zote. Asubuhi maji yalikuwa yanakatiza barabara mbele ya ghala la saruji. Baba alinyoa, akavaa buti, akaenda. Mama alimwambia asiende. Akasema Jumanne ni siku ya watahiniwa, na mtihani hausubiri mtu.

Wakati wa mapumziko niliwaona Sumaku na wenzake wakitoka getini na mabegi juu ya vichwa. Badala ya kula, niliwafuata. Nilipofika walikuwa wameshashuka. Mlangoni, ulipo ule mtungi wa kuloweshea vitambaa, dari ilikuwa inatona. Matone yalianguka ngazini moja baada ya jingine, na nikayafuata kwa macho mpaka gizani. Kama yanatona hapa, nikawaza, yanatona na kule. Kitambaa cha Baba leo hakitachelewa kukauka. Hakitakauka kabisa. Na yeye atatembea mpaka kikauke.

Msimamizi alikuwa amekaa kwenye kiti chake akimenya chungwa. Nilimwamkia, nikamweleza. Alinisikiliza kama mtu mzima anavyomsikiliza mtoto wa mwenzake.

"Binti, wameingia sasa hivi. Hata chungwa sijamaliza."

"Ndiyo, mzee. Lakini kwao si sasa hivi."

"Baba yako ni mtu mzima. Anajua kazi yake."

"Kwa nini usishuke umsimamishe?"

"Msokotaji hasimamishwi. Anasimamishwa na kitambaa."

Nilikimbia nyumbani. Njiani nilianguka mara moja, na niliinuka nikiwa na wazo lote kichwani. Mama alikuwa na pasi mkononi. Nikasema, "Mama, nipe kitambaa cha Baba kile cha akiba, kikavu, kikavu kabisa." Hakuuliza. Alikitoa sandukuni, akakipiga pasi mpaka kikatoa harufu ya kuungua, akakifunga ndani ya mfuko wa nailoni, na mfuko ndani ya mfuko mwingine. Bibi alinivua sweta lililolowa akanivika lake.

"Mwambie mama yake anamwita," alisema Bibi.

Msimamizi alikuwa amefika kwenye chungwa la pili. Nilimwonyesha mfuko. "Nimeleta kitambaa cha Baba." Hilo lilikuwa kweli, na kitambaa ni kifaa cha kazi, hakuna kanuni ya kuzuia kifaa cha kazi. Alinitazama, akatazama ngazi, akasogeza miguu yake nipite.

Baba alinifundisha njia nikiwa mdogo, kwa kuchora kwa kidole kwenye unga uliomwagika mezani: kwenye kila njia panda, papasa kuta, ule uliolainika ndio sahihi, kwa sababu wasokotaji wote wameupitishia mkono. Niliwasha tochi lakini mkono ndio ulionipeleka. Ukuta uliokuwa laini ulikuwa laini kama bakuli. Maji yalikuwa yamefika kifundoni. Nilijisemea kila nilichokiona, kama vile naandika, na hivyo sikuogopa sana.

Nilipokanyaga ujia wa duara, sauti ya mvua ilikatika. Matone yalikuwa yanatoka darini polepole hata ningeweza kuyachuma. Nikasimama nikiubana ukuta, maana ujia ni mwembamba, nikasikia hatua zake zinakuja.

Alipita mbele yangu na hakuniona. Macho yake yalikuwa chini, kidole shingoni kwenye kitambaa kinachochuruzika maji. Ndevu zilikuwa zimefika kifuani. Niliita "Baba," na sauti haikwenda popote. Akapotea kwenye kona. Nikasubiri. Alipita tena. Nilimshika mkono, mkono ukaniponyoka vidoleni kama wa mtu anayetembea usingizini, mwembamba sana. Nilielewa kwamba mimi simo katika kanuni yake. Kitambaa kimo.

Nilifungua mifuko. Nilijifuta mikono kwenye sweta la Bibi, mgongoni, mahali palipokuwa pamebaki pakavu. Alipokuja mara ya tatu nilivuta kile kibichi nikakitupa, nikamwekea kikavu shingoni. Alikwenda hatua chache. Kidole kikapanda kukigusa, kama kilivyofanya maisha yake yote.

Akasimama.

Mvua ilirudi masikioni ghafla kama mtu amefungua mlango. Upande wa pili wa ukuta nikasikia wenzangu wakizungumza wote kwa pamoja, viti vikisogezwa, mmoja akilia.

Baba aligeuka taratibu. Akaniangalia kutoka kichwani mpaka miguuni, muda mrefu.

"Hujakua hata kidogo," alisema.

"Ndiyo kwanza mchana, Baba. Ni Jumanne ileile."

"Kimekauka," akasema, akikishika kitambaa.

"Kimekauka. Bibi anakuita."

Hakuweza kupanda ngazi. Nilimbeba begani upande mmoja, na Sumaku, ambaye sasa ananipita kichwa kizima, akambeba upande wa pili. Kule juu Msimamizi aliinuka. Alimtazama Baba, kisha akawatazama watoto waliokuwa wanatoka mmoja mmoja, mvulana mmoja akiwa ameota masharubu. Chungwa lilikuwa mkononi mwake, nusu limemenywa.

Jumatano, 3 Aprili

Daktari amekuja. Alimwuliza Mama, "Babu ana umri gani?" Mama akasema, "Ni mume wangu," akaenda kusimama jikoni.

Daktari anasema moyo ni wa mzee sana, na umechoka, lakini unapiga. Hakusema utapiga mpaka lini. Nilimwuliza. Akasema, "Akikaa nyumbani atakwenda kwa mwendo wetu."

Jumamosi, 6 Aprili

Wazazi wa watahiniwa wamekwenda Mzingile kupiga kelele. Umefungwa. Msimamizi ameandika mlangoni kwamba ni kwa sababu ya ngazi.

Jumatatu, 15 Aprili

Mvua. Baba anakaa kwenye kiti karibu na dirisha. Namsomea masomo yangu kwa sauti, na kila nikifika mwisho wa aya anasema, "Rudia, usikimbie." Nimegundua kwamba nikisoma polepole nakumbuka.

Bibi anamlisha. Leo alimwambia, "Sikiliza wewe. Kuzika mtoto ni vibaya. Kuzika mtoto aliyenizidi uzee, watu watanicheka. Kwa hiyo subiri."

"Ndiyo, Mama," Baba alisema.

Ijumaa, 26 Aprili

Msimamizi alikuja na matunda. Alikaa ukingoni mwa kiti. Alisema nafasi ya Baba iko wazi, kazi hii huenda kwa damu, na yeye mwenyewe aliona nilivyoshuka bila kupotea. Kiangazi kikifika wataanza upya, na mvua zikija watafunga, safari hii wakijua kwa nini.

Nilikuwa nimemchukia. Nilipomtazama leo niliona kwamba alitamani mtu amwambie haikuwa kosa lake. Sikumwambia. Nilisema asante, nina mtihani Jumatatu.

Baba alikuwa kama amelala. Msimamizi alipotoka alifumbua jicho moja. "Umejibu vizuri," alisema. "Mimi baba yangu aliponiambia, sikuwa na cha kujibu."

Jumatatu, 29 Aprili

Mtihani. Swali la tatu lilikuwa gumu. Sumaku alimaliza kabla yetu sote, akakaa akitazama nje dirishani.

Alhamisi, 16 Mei

Matokeo. Sumaku wa kwanza, mimi wa nne. Nimepata nafasi sekondari. Nilipomwambia Baba aliniomba niseme mara ya pili, nikasema. Mama alicheka na kulia, na pasi ikachoma shati la mtu.

Sumaku alinipa jiografia yake. Alisema amekisoma kitabu hicho hata hataki kukiona.

Jumamosi, 18 Mei

Jua, tangu asubuhi. Mlango na madirisha yote wazi.

Baada ya chakula Baba alisinzia kitini. Niliketi sakafuni nikitengeneza jalada la kitabu. Kuna wakati pumzi yake ilinyamaza kidogo na nikaacha kukata karatasi, kisha ikaendelea. Alipoamka alishtuka, akashika mikono ya kiti kama mtu anayetaka kuinuka upesi.

"Zimepita siku ngapi?"

"Hakuna, Baba. Ni leo ileile."

Alitazama nje. Jirani aliyekuwa anafagia Baba alipoanza kusinzia, bado alikuwa anafagia. Nilimwona Baba akilifikiria jambo hilo polepole, na mikono ikalegea.

"Kwa hiyo nikilala tena?"

"Lala tu, Baba. Siku bado ipo."